Kwenda Wiseman, kijiji cha dhahabu cha Mto Koyukuk

Wiseman iko kaskazini mwa Alaska, nyuzi 67 na dakika 25 kaskazini ya ikweta, ukingo wa magharibi wa tawi la kati la Mto Koyukuk. Kijiji kina nyumba za magogo chache, kanisa dogo na makaburi. Sensa ya 2010 ilikuta watu 14. Miaka mia moja iliyopita hapa palikuwa mji wa wachimbaji, wenye posta, nyumba ya wageni na ukumbi wa dansi. Tumeandika baada ya kurudi, kwa kufuata daftari, risiti na picha, na tumetoa nafasi kubwa kwa jambo moja: mzigo ulifikaje huku, na kwa bei gani. Ukilielewa hilo, umeelewa kwa nini mji ulikua na kwa nini ukaisha.

Agosti 24, Fairbanks

Siku nzima ilikwisha kwa maandalizi. Njia ya gari ya kufika Wiseman ni moja tu, Barabara ya Dalton, na kampuni nyingi za kukodisha magari zinaandika wazi kwenye mkataba kwamba gari lisipelekwe huko. Ukilipeleka, bima haina kazi tena. Zipo chache zinazokodisha magari yaliyoandaliwa kwa Dalton, kwa bei ya juu. Tulipata pikapu kwa dola 230 kwa siku.

Kabla ya kusaini, kagueni kwa macho yenu wenyewe. Tairi za akiba ziwe mbili, za saizi kamili, zikiwa tayari kwenye ringi. Jeki iwe na ubao wa kuikalisha, maana kingo za barabara ni laini na jeki tupu inazama. Spana ijaribiwe kwenye nati za gari lenyewe. Iwepo pia redio ya CB, ya kuongea na madereva wengine njiani, ambayo huwekwa chaneli ya 19 muda wote, kwa kuwa simu hushika mtandao karibu na Fairbanks na baada ya hapo basi. Kumwita mtu wa kuvuta gari kunahesabiwa kwa maili, kwenda na kurudi, na bili inaweza kuzidi thamani ya safari yote.

Dukani tulichukua lita 20 za maji, mchele, maharage ya kopo, mayai, mkate, vitunguu, chai na mtungi mdogo wa gesi. Wiseman hakuna duka, hakuna mafuta, hakuna mgahawa.

Agosti 25, asubuhi: Fairbanks hadi Mto Yukon

Tuliondoka saa kumi na mbili na nusu tukiwa na tangi lililojaa. Barabara ya Elliott ni lami hadi karibu na Livengood, umbali wa kilomita 135 hivi kutoka mjini, na hapo ndipo Dalton inapoanza. Kilichokuwa lami kinageuka changarawe na mwendo unashuka hadi kilomita 70 kwa saa.

Barabara hii ilijengwa mwaka 1974 kwa siku 154, ikiwa na urefu wa kilomita 666, kwa kazi moja: kupitisha mabomba, mitambo na watu wa kujenga bomba la mafuta kutoka Prudhoe Bay, pwani ya kaskazini, hadi bandari ya Valdez, kusini. Raia wa kawaida waliruhusiwa kuifuata hadi mwisho wake kuanzia mwaka 1994 tu. Mpaka leo ni barabara ya malori kwanza. Lori likija mbele yako, punguza mwendo, sogea kulia kabisa, na usifunge breki ghafla. Mawe yanayorushwa hupasua kioo kutokana na kasi zenu mbili zikijumlishwa, kwa hiyo ukishuka hadi 30 umeokoa kioo. Taa ziwake mchana kutwa.

Bomba linaandamana nawe njia nzima. Lina kipenyo cha mita 1.2 na mahali pengi limeinuliwa juu ya nguzo, kwa kuwa mafuta yaliyomo ni ya moto na ardhi ya chini imeganda mwaka mzima. Wangelizika hapo, joto lingeyeyusha udongo na bomba lingekatika. Juu ya nguzo nyingi utaona vijiti viwili vyenye mapezi ya alumini. Ndani yake mna amonia: wakati wa baridi inachemka chini kwa joto la ardhi, inapanda, inapoa juu, inashuka tena, na hivyo huchota joto ardhini na kuliachia hewani bila mashine yoyote. Bomba pia limepindwapindwa makusudi ili lipate nafasi ya kutanuka na kusinyaa.

Daraja la Yukon liko maili ya 56, kuhesabu tangu Dalton inapoanza. Lina urefu wa mita 700, limeteremka kutoka kusini kwenda kaskazini, na sakafu yake ni mbao. Mvua ikinyesha mbao zinateleza, basi pitieni polepole. Ng'ambo ya pili kuna mafuta wakati wa kiangazi, na kidogo mbele kuna mgahawa wa msimu ambako tulikula baga na viazi, dola 22 kwa mtu. Ujazeni tangi hapa hata kama halijafika nusu.

Mchana: mlima Finger hadi Coldfoot

Maili ya 98, kwenye mlima Finger, miti inakwisha na mawe marefu ya granaiti yanasimama juu ya uwanda. Mwisho wa Agosti uwanda wote ni mwekundu na wa dhahabu, na matunda ya buluu ya porini yameiva kiasi kwamba kikombe kinajaa kwa dakika kumi. Mbu wa Juni na Julai wamekwisha. Kwa maoni yetu hii ndiyo wiki bora ya kuja: mchana bado mrefu, usiku umeanza kuwa na giza la kutosha kuona mianga ya kaskazini, ile nuru ya rangi inayotanda angani.

Baada ya mteremko wa maili ya 110 tairi la nyuma kushoto lilipata pancha. Changarawe ya Dalton ni mwamba uliopondwa, una makali, na hukata tairi ubavuni, mahali pasipozibika. Dereva wa lori lililokuwa likipanda alitusikia kwenye redio, akasimama, akashuka na kipande cha mbao nene kuliko chetu na bomba la chuma la kurefusha mpini wa spana. Nati zilizokuwa zimegoma zililegea mara moja. Hakutaka hela. Alitaka tu tumwambie aliye nyuma yake kwamba njia iko wazi, kisha akaondoka. Kile kipande cha mbao alituachia.

Kibao cha Mzingo wa Aktiki, mstari wa ramani unaozunguka kaskazini ya dunia, kiko maili ya 115. Watu hupiga picha, kuna choo na meza. Maili ya 135 ni Prospect Creek, ambako Januari 23, 1971 kilipimwa kipimo cha baridi kali kuliko vyote Marekani: nyuzi 62 za Selsiasi chini ya sifuri.

Tuliingia Coldfoot, maili ya 175, saa kumi na moja jioni. Petroli hapa ilikuwa ghali kuliko Fairbanks kwa zaidi ya dola moja na nusu kwa galoni, lakini hakuna hiari: anayeendelea kaskazini hapati kituo kingine kwa maili 240.

Coldfoot ndiyo mama yake Wiseman. Mwaka 1898, habari za dhahabu ya Klondike, Kanada, zilipowapandisha watu wengi kuliko viwanja vya kuchimba, zaidi ya watu elfu moja waligeuzia meli ndogo za mvuke Koyukuk. Mto uliganda mapema ukazishika njiani. Walijenga kambi pale pale walipokwama: Bergman, Peavey, Arctic City, Jimtown. Majira ya kuchipua yalipofika wengi waliteremka na barafu wakarudi makwao. Waliobaki walipata dhahabu kwenye vijito vya juu, na kufikia 1902 Coldfoot ilikuwa na nyumba mbili za wageni, maduka mawili, baa saba na nyumba moja ya kamari. Miaka kumi baadaye hakukuwa na kitu, kwa kuwa dhahabu nzuri zaidi ilikuwa imeonekana kwenye kijito cha Nolan, na watu walisogea juu ya mto wakaanzisha makazi mapya mahali kijito cha Wiseman kinapomwagika Koyukuk. Coldfoot ya leo ni kituo cha malori kilichoanza mwaka 1981, wakati Dick Mackey, bingwa wa mbio za mbwa za Iditarod za 1978, alipoanza kuuzia madereva baga kutoka kwenye basi la shule. Madereva wenyewe walisaidia kujenga, wakitumia mbao za makreti ya bomba la mafuta.

Kituo cha wageni cha serikali kilichopo hapo hakilipiwi. Waulizeni hali ya barabara, dubu, na mahali panaporuhusiwa kuchekecha dhahabu kwa karai. Vijito vingi vya huku vina wenyewe, na kuingiza karai kwenye kiwanja cha mtu ni wizi kwa sheria na kwa desturi. Chumba kwenye kituo cha malori kilikuwa dola 250, tukaenda kupiga hema kambi ya Marion Creek, kilomita nane mbele, kwa dola 8. Kuna pampu ya mkono ya maji na makabati ya chuma ya kufungia chakula. Kifungieni kila chenye harufu, hata dawa ya meno.

Agosti 26: Wiseman

Njia ya kuingilia iko karibu na maili ya 189, upande wa kushoto, mara baada ya daraja la Koyukuk. Ni kilomita tano za udongo kando ya mto. Mvua ya usiku ilikuwa imeacha madimbwi, lakini gari la kawaida lingepita.

Magari huachwa mwanzoni mwa kijiji. Nyumba zote ni za watu, hata zile zinazoonekana zimeachwa, hivyo ombeni kabla ya kupiga picha au kuchungulia dirishani. Mzee aliyekuwa akipasua kuni alitukaribisha bila kuuliza tulikotoka, akatupa kahawa, kisha akatutembeza. Kuta ni za misprusi, nyufa zimezibwa kwa kuvumwani, mapaa mengine bado yana udongo na nyasi juu yake. Nyumba nyingi za zamani zimeinama: moto wa jiko umeyeyusha ardhi iliyoganda chini ya sakafu, na nyumba imezama upande wa jiko. Zilizojengwa vizuri zimeinuliwa, upepo unapita chini. Umeme unatoka kwenye paneli za jua na jenereta, na wakati wa baridi, jua lisipoonekana juu ya milima kwa muda wa mwezi hivi, ni jenereta tu.

Sasa suala la mzigo. Gunia la unga la mwaka 1910 lilipanda meli ya bahari hadi mlango wa Yukon, likahamishiwa meli ya mvuke hadi mlango wa Koyukuk, likaingia meli ndogo zaidi hadi Bettles, ambako maji yanakuwa haba. Kutoka hapo lilipakiwa kwenye mashua bapa iliyovutwa na farasi. Farasi walitembea ndani ya maji na juu ya kokoto za kingo, wakivuka kutoka upande hadi upande kila mto ulipogeuka. Mvua ikikosekana, mashua ilikaa juu ya kokoto hadi maji yapande. Mvua ikizidi, farasi hawakupata pa kukanyaga. Kila mahali mzigo ulipohamishwa, bei iliongezeka, na msimu mzima wa maji ni kama miezi minne. Barua za wakati wa baridi zilikuja kwa mbwa wa kuvuta sileji, kigari cha kuteleza juu ya theluji, mara moja kwa mwezi. Matokeo yake ni rahisi kuyaona: kiwanja cha dhahabu ambacho kingemlisha mtu vizuri karibu na Fairbanks, hapa kilimwacha na deni dukani. Ni kiwanja tajiri sana tu kilicholipa. Viwanja hivyo vilipokwisha, hakikuwepo cha kuwabakiza watu.

Uchimbaji wenyewe tulioneshwa kwa kifaa kilichokuwa kimeegemezwa ukutani: bomba la chuma, nene kama kidole gumba, refu kuliko mtu. Ncha yake ni chuma kigumu chenye tundu, kichwa chake kimepondeka kwa nyundo, na karibu na kichwa kuna mdomo wa kuungia mpira wa mvuke. Dhahabu ya Nolan iko juu ya mwamba, chini ya mita nyingi za udongo na changarawe iliyoganda kama zege. Mwanzoni wachimbaji waliwasha moto wa kuni usiku chini ya duara, yaani shimo la kuchimbia, asubuhi wakatoa kiasi kilicholainika, labda sentimita 30, wakawasha tena. Baadaye walileta boila. Bomba lilipigwa taratibu ndani ya ukuta mvuke ukiwa unatoka nchani, likaachwa saa kadhaa, na changarawe ikawa laini ya kukokolewa kwa koleo. Ndoo ilipandishwa kwa winchi ya mkono na kumwagwa kwenye lundo, lundo likaganda tena likasubiri Mei, maji yanapofunguka, ndipo lilipooshwa kwenye mwalo, mfereji wa mbao wenye vizuizi sakafuni vya kunasa dhahabu.

Waliopita machimbo ya Geita wanajua duara halishuki bila matimba ya kushika kuta. Hapa barafu ndiyo matimba. Ndiyo maana kazi ilifanywa wakati wa baridi: kuta zimeshikwa, maji ya juu hayachuruziki, na kuni zinavutwa kirahisi juu ya theluji. Lakini ukiyeyusha kupita kiasi, dari inadondoka. Ukishuka kabla moshi haujatoka, hewa ya sumu ya moto inakuua kimya. Na ukitoboa mahali ardhi haikuganda, maji yanajaa duara kwa muda mfupi na kazi ya miezi imepotea.

Kuhusu watu wa hapa tunajua mengi kwa sababu ya mtaalamu wa misitu Robert Marshall. Alifika mwaka 1929 kutafuta eneo ambalo ramani ilikuwa haijalichora, akarudi Agosti 1930 na kuishi zaidi ya mwaka katika kibanda kando ya nyumba ya wageni. Alihesabu watu 127 wa bonde la juu: Wazungu 77, na wenyeji wa asili: Wainupiat na wenzao wa jamii hiyo 44, Waathabaska 6. Aliandika wanachokula, wanachochuma, wanazungumza nini na kwa muda gani, na alipochapisha kitabu chake mwaka 1933 aligawana mapato na wenyeji. Milima miwili aliyoiita Malango ya Aktiki ndiyo iliyoipa jina hifadhi ya taifa iliyoundwa mwaka 1980 magharibi mwa kijiji, hifadhi isiyo na barabara hata moja. Tunamheshimu kwa jambo moja hasa: alikuwa msomi mwenye shahada ya udaktari, na bado aliandika kwamba wenzake wa kule walikuwa na maisha yenye furaha kuliko aliyoyajua mijini, akaonesha kwa hesabu kwa nini.

Makumbusho madogo yako karibu na mlango wa kijiji, yana vitabu vya wageni na vifaa vya wachimbaji. Kwa kawaida hufunguliwa makundi ya mabasi yanapokuja, lakini ulizeni kwa upole. Tulilala kwenye kibanda cha kupangisha, dola 240, chenye jiko la kuni na maji ya kubeba. Jua lilizama saa nne kasoro usiku, na saa saba mianga ya kijani ilitanda juu ya mlima kwa robo saa.

Agosti 27: Nolan na makaburi

Mvua. Njia ya kwenda Nolan inapanda nyuma ya kijiji na bado inatumiwa na wachimbaji wenye mitambo. Tulitembea mwanzo wake tu, tukageuka kwenye kibao cha kiwanja cha mtu.

Makaburini misalaba mingi ya mbao imepoteza maandishi. Aliyetupeleka ndiye aliyetusimulia mwisho wa mji, akisimama kwenye mvua bila haraka. Mei 1925 rubani Noel Wien alitua hapa, ndege ya kwanza kuvuka Mzingo wa Aktiki huku Alaska. Baada ya hapo abiria na barua waliruka, na nyumba za wageni za kando ya njia ya mbwa zikakosa wateja. Oktoba 1942 agizo L-208 la Bodi ya Uzalishaji wa Vita lilifunga migodi ya dhahabu nchini, ili watu na vyuma viende vitani. Vita vilipokwisha, bei ya dhahabu ilikuwa bado imefungwa dola 35 kwa aunsi huku kila kingine kikiwa kimepanda. Posta ilifungwa 1956, na kuna wakati kijiji kilibaki na watu wa kuhesabu kwa vidole. Kisha, 1974, greda zikafika. Kwa mara ya kwanza gunia la unga lilitoka Fairbanks hadi mlangoni kwa barabara, bila kushushwa njiani.

Wanaoishi hapa leo wanawinda, wanavua, wanatega, wanalima kabichi na viazi, na wanapokea wageni. Bunduki haziruhusiwi kuwindia ndani ya kilomita nane kila upande wa Dalton kaskazini mwa Yukon, ila wakazi wana haki zao za kujitafutia chakula. Ukipewa nyama ya kulungu wale wakubwa wenye pembe bapa, kama tulivyopewa sisi usiku ule ikiwa imechemshwa na viazi, ujue umepewa akiba ya mtu ya majira ya baridi. Tuliwaachia mchele, vitunguu na mayai tuliyobakiza. Mayai ndiyo yaliyopokewa kwa shangwe zaidi.

Agosti 28: kurudi

Saa nane za kuendesha, ukungu hadi Yukon, hakuna la kusimulia. Safari nzima ilikula galoni 39 za petroli na tairi moja la dola 260.

Jambo la mwisho kwa watakaofuata: osheni gari Fairbanks siku hiyohiyo, hasa chini. Barabara hunyunyiziwa kloridi ya kalsiamu kuzuia vumbi, na tope lake likikauka linashika kama saruji, linakula nyaya za breki na kufunika taa. Mashine ya sarafu yenye mpira wa shinikizo ilitugharimu dola 18 na dakika arobaini, na aliyekuwa foleni nyuma yetu, akitoka Deadhorse, mwisho wa Dalton, alihitaji muda mrefu zaidi.